Benjamin Jesty, Mkulima wa Kijiji cha Mawe

Kusini ya nchi ya Uingereza, katika wilaya ya Dorset, kuna kipande cha nchi kielekeacho baharini ambacho wenyeji hukiita Kisiwa cha Purbeck. Si kisiwa hasa, maana upande mmoja kimeshikamana na bara; lakini jina hilo limekaa tangu zamani. Huko juu, karibu na magenge yashukayo baharini, kipo kijiji kidogo kiitwacho Worth Matravers. Mgeni akifika hapo, kwanza huona mawe. Nyumba zimejengwa kwa mawe. Paa zake nyingi zimeezekwa kwa mawe mapana badala ya nyasi. Kuta zigawazo mashamba zimepangwa kwa mawe matupu, pasipo udongo wala chokaa. Na kanisa lake la Mtakatifu Nikolao, lililosimama tangu zama za Wanormandi, nalo ni la mawe yaliyotoka katika ardhi iyo hiyo.

Mawe ya Purbeck yana sifa mbali. Yako magumu yafaayo kwa kuta na kwa kutandaza njia. Tena yako yaliyojaa makombe ya konokono wadogo, walioishi katika maji matamu zamani za kale sana. Yakisuguliwa hung'aa kama marmar, na kwa hiyo watu huyaita marmar ya Purbeck. Nguzo zilizochongwa kwa mawe hayo zimo katika kanisa kuu la Salisbury na katika kanisa la Westminster mjini London. Na mji wa London ulipoungua mwaka 1666, wakati wa kuujenga upya mawe mengi ya Purbeck yalipelekwa huko kwa majahazi ili yatandazwe katika njia zake.

Kazi ya kuyapata ilikuwa ya taabu na ya hatari. Wengine walichimba mashimo marefu chini ya ardhi, na mawe yakavutwa juu kwa mnyororo uliozungushwa na punda. Wengine waliyakata katika magenge ya Winspit na Seacombe, wakayashusha kwa mitambo ya miti mpaka ndani ya mashua zilizongoja chini juu ya mawimbi. Kazi hiyo ilirithiwa na mwana kutoka kwa baba yake. Chama cha wachimbaji kilikutana kila mwaka katika mji mdogo wa Corfe Castle, siku ya Jumanne kabla ya kuanza Kwaresima, na vijana wakapokewa katika kazi kwa taratibu zake. Na asiyekuwa mwana wa mchimbaji hakupewa nafasi. Basi, watu wa nchi hiyo walijua thamani ya jiwe na taabu yake. Waliochonga maneno katika jiwe walifanya hivyo kwa jambo walilotaka likumbukwe.

Lakini leo hatukukusudia kuwasimulia wasomaji wetu habari za mawe peke yake. Katika uwanja wa kanisa la Worth Matravers kuna kaburi la mtu ambaye hakuwa mchimbaji wala mwashi. Alikuwa mkulima na mfugaji wa ng'ombe, naye alihamia huko akiwa mtu mzima mwenye miaka karibu 60. Jiwe la kaburi lake latangaza ya kuwa alikuwa mtu mnyofu na mwaminifu, tena ya kuwa ndiye mtu wa kwanza ajulikanaye aliyechanja watu kwa ndui ya ng'ombe, naye kwa uthabiti wa moyo wake aliwachanja mke wake na wana wake wawili mwaka 1774. Mtu huyo ni Benjamin Jesty. Twapenda kueleza maisha yake, kwa kuwa ndani yake mna fundisho ambalo sharika zetu zalihitaji.

Benjamin Jesty alizaliwa mwaka 1736 katika kijiji cha Yetminster, upande wa kaskazini ya wilaya ile ile ya Dorset. Jamaa zake walikuwa wakulima. Alipokuwa kijana alikama ng'ombe na kuwalisha kama vijana wengine wa kwao, wala hakwenda katika chuo cha matabibu. Mwaka 1770 alimwoa Elizabeth Notley, wakakaa katika shamba la Upbury karibu na kanisa la Yetminster, na Mungu akawapa watoto.

Siku zile ugonjwa wa ndui ulikuwa tisho la nchi zote. Wazee wetu waliujua, maana uliingia hata kwetu pamoja na misafara, ukamaliza vijiji vizima. Ulianza kwa homa kali na maumivu ya mgongo. Kisha mwili wote, hata ndani ya kinywa, ukajaa malengelenge yenye usaha. Wengi walikufa, na watoto zaidi. Waliopona walibaki na makovu usoni, na wengine walipofuka macho. Katika Ulaya ugonjwa huo haukuchagua nyumba ya mfalme wala kibanda cha maskini.

Ilikuwako dawa ya namna moja, lakini ilitiwa shaka. Bibi mmoja mkubwa, Lady Mary Wortley Montagu, alikuwa amekaa katika nchi ya Waturuki pamoja na mumewe aliyekuwa balozi, akaona jinsi watu wa huko walivyochukua usaha kidogo wa mgonjwa wa ndui na kuutia katika ngozi ya mtu mzima, ili augue kidogo na kupona, asiugue tena. Mwaka 1721 alimfanyizia binti yake hivyo mjini London, na desturi hiyo ikaenea katika Uingereza. Ilisaidia wengi, walakini ilikuwa na hatari mbili. Baadhi ya waliochanjwa hivyo waliugua sana wakafa. Tena kila aliyechanjwa alikuwa na ndui ya kweli, akaweza kuwaambukiza jirani zake.

Lakini katika mazizi ya ng'ombe ya Dorset watu walijua neno lingine. Ng'ombe walipatwa mara kwa mara na ugonjwa mdogo wa vipele katika kiwele, ulioitwa ndui ya ng'ombe. Waliowakama walipata vidonda vichache mikononi, wakaona homa siku chache, kisha wakapona. Na wenyeji walisema ya kuwa aliyekwisha kuugua hivyo hakamatwi na ndui ya watu. Matabibu wengi waliosikia habari hii waliidharau, wakaidhani kuwa hadithi ya watu wa mazizini.

Jesty hakuidharau, kwa sababu alikuwa ameiona kwa macho yake. Yeye mwenyewe aliwahi kupata ndui ya ng'ombe katika ujana wake. Tena nyumbani mwake walikuwamo watumishi wawili wa kike waliopata ugonjwa huo katika kukama. Baadaye watumishi hao waliwauguza ndugu zao wenye ndui ya kweli, wakawalisha na kuwaosha, wala wao wenyewe hawakuugua. Jesty aliyaweka mambo hayo moyoni.

Mwaka 1774 ndui ilifika Yetminster. Jesty hakujiogopea nafsi yake, lakini mke wake na watoto wake hawakuwa na kinga yo yote. Mwanawe Robert alikuwa na miaka 3, na Benjamin mdogo miaka 2. Na tufikiri, ndugu wasomaji, jinsi baba alivyolala usiku ule, akijua ya kuwa maradhi yamo kijijini, na wanawe wamelala kando yake. Njia zilikuwa tatu. Aweza kukaa kimya na kungoja. Aweza kuwaita waliochanja kwa usaha wa ndui yenyewe, na kuitia hatari nyumba yake na nyumba za jirani. Au aweza kulitegemea jambo aliloliona zizini, ambalo hapana tabibu aliyelishuhudia.

Alichagua njia ya tatu. Alisikia ya kuwa ng'ombe wa mkulima mmoja katika kijiji cha Chetnole, kilicho karibu, walikuwa na ndui ya ng'ombe. Akawachukua mke wake na wana wake wawili mpaka kwenye malisho hayo. Hakuwa na kisu cha tabibu. Alikuwa na sindano nene ya kufumia soksi. Akachukua usaha katika kiwele cha ng'ombe, akakwaruza ngozi ya mikono yao, akautia humo. Kisha wakarudi nyumbani kungoja.

Watoto waliugua kidogo tu, wakapona upesi. Lakini mama yao ilikuwa vingine. Mkono wake ulivimba vibaya, homa ikapanda, na kwa siku kadhaa watu walidhani kwamba atakufa. Tabibu akaitwa, akamwangalia. Hapo bila shaka Jesty aliujua uzito wa jambo alilolitenda. Lau mkewe angalikufa, hapana mtu katika Yetminster ambaye asingalisema ya kuwa ameuawa na mume wake. Lakini Mungu alimrehemu Elizabeth, akapona. Na ndui ya mwaka ule haikuigusa nyumba yao.

Tungedhani ya kuwa jirani walikuja kwa furaha kuuliza habari, kusudi wawaponye watoto wao pia. Haikuwa hivyo. Jambo lilipojulikana, watu walichukizwa. Walisema ya kuwa kutia kitu cha mnyama katika mwili wa mwanadamu ni unajisi na ukatili. Wengine waliogopa kwamba waliochanjwa watageuka kuwa kama ng'ombe na kuota pembe. Jesty alipokwenda masokoni alizomewa, akatukanwa, akatupiwa vitu. Mtu aliyekuwa amehesabiwa kuwa mkulima mwenye akili akahesabiwa kuwa mkatili wa nyumba yake mwenyewe.

Naye hakujibu matukano. Aliendelea kulima na kufuga. Wala hakuandika kitabu, wala hakwenda kwa wakubwa kudai neno. Wanawe wakakua, na baadaye wakajaribiwa kwa kutiwa usaha wa ndui yenyewe, wasiugue. Ndivyo ilivyothibitika ya kuwa lile alilolitenda baba yao kwa sindano ya kufumia lilikuwa kinga ya kweli, tena kinga iliyodumu. Lakini habari hiyo ilikaa katika kijiji, kama taa iliyofunikwa.

Miaka 22 ikapita. Tarehe 14 Mei 1796, tabibu Edward Jenner wa Berkeley, katika wilaya ya Gloucestershire, alichukua usaha katika mkono wa mkamaji mmoja mwanamke aliyekuwa na ndui ya ng'ombe, akamchanja mtoto wa miaka 8 jina lake James Phipps. Baadaye akamjaribu kwa ndui yenyewe, asiugue. Jenner alirudia majaribio, akayaandika yote kwa taratibu, akayatoa katika kitabu mwaka 1798. Kitabu hicho kilisomwa katika nchi nyingi, na kwa muda mfupi chanjo ikavuka bahari. Bunge la Uingereza likampa Jenner zawadi ya paundi 10,000 mwaka 1802, na tena paundi 20,000 mwaka 1807.

Wakati huo Jesty alikuwa amekwisha kuhama Yetminster. Karibu na mwaka 1797 alichukua shamba la Downshay, katika mtaa wa Worth Matravers, akakaa katika nyumba kubwa ya mawe, katikati ya nchi iliyochimbwa marmar tangu zamani. Watu wa Purbeck hawakuwa wameshiriki katika ugomvi wa Yetminster. Walimpokea kama mkulima mwema, wakamheshimu. Na huko ndiko habari yake ilikofika katika masikio ya mtu aliyeijali.

Mtu huyo alikuwa mchungaji, Andrew Bell, aliyeliongoza kanisa la Swanage, mji wa pwani ambako mawe ya Purbeck yalipakiwa merikebuni. Bell alizaliwa Scotland mwaka 1753, naye alikuwa amefanya kazi katika India. Huko Madras aliongoza shule ya mayatima, akaanzisha njia ya wanafunzi wakubwa kuwafundisha wadogo. Walimu wetu wa vijijini wenye watoto wengi na wasaidizi wachache wataielewa vema. Aliporudi Uingereza akawa mchungaji wa Swanage tangu mwaka 1801. Hakuhubiri tu, aliwachanja watu wa usharika wake kwa mikono yake mwenyewe ili wasife kwa ndui. Aliposikia ya kuwa katika mtaa wa jirani yuko mkulima aliyefanya jambo lile lile zamani, hakumcheka, wala hakusema ya kuwa mtu asiye na elimu hawezi kuwa na neno. Alikwenda kuichungua kweli, na mwaka 1803 akaandika barua kwa wakubwa wa chama kimoja cha chanjo mjini London, akawaeleza habari zote.

Chama hicho kilimwita Jesty, naye mwaka 1805 alifunga safari kwenda London pamoja na mwanawe Robert, aliyekuwa sasa mtu mzima. Jamaa zake walimsihi avae nguo za kisasa, maana anakwenda kwa wakubwa. Alikataa, akaona hapana sababu ya kujipamba mjini kuliko alivyozoea shambani. Basi akasimama mbele ya matabibu kwa nguo zake za mkulima. Walimwuliza maswali, akayajibu. Na Robert akakubali kwa hiari yake kutiwa usaha wa ndui mbele yao, miaka 31 baada ya siku ile ya malishoni, asidhurike. Matabibu wakaridhika. Wakampa Jesty barua ya ushuhuda, na visu viwili vidogo vya kuchanjia vilivyopambwa dhahabu, na gini 15 za gharama ya safari. Tena wakaagiza mchoraji Michael Sharp aichore sura yake. Yasemekana ya kuwa mzee huyo hakuweza kutulia katika kiti, na mke wa mchoraji alimpigia kinanda ili akae kimya. Picha hiyo ilipotea machoni pa watu kwa muda mrefu. Mwisho ilionekana katika Afrika ya Kusini, ikanunuliwa mwaka 2006 na shirika la Wellcome la Uingereza.

Baada ya hayo Jesty alirudi shambani kwake. Hakupewa maelfu ya paundi, wala hatusomi kwamba alinung'unika. Alifariki tarehe 16 Aprili 1816, mwenye miaka 79, akazikwa katika uwanja wa kanisa la Worth Matravers. Mke wake Elizabeth aliishi mpaka mwaka 1824, akazikwa kando yake. Na hili tulitafakari: mwanamke yule ambaye mkono wake ulivimba hata watu wakamkatia tamaa, aliishi miaka 50 baada ya siku ile, akawa na miaka 84. Jiwe la kaburi la mumewe lilitaja habari ya chanjo ya mwaka 1774, na hivyo neno ambalo watu wa soko walilitukana likachongwa mlangoni pa kanisa, katika kijiji ambacho kila mtoto alijua taabu ya kuchonga.

Mambo yaliyofuata kila mmoja anayajua kwa sehemu. Jina ambalo mataifa ya Ulaya waliipa dawa hiyo limetoka katika neno la Kilatini lenye maana ya ng'ombe. Sisi twaiita chanjo, maana twaitazama ile alama ya kuchanjwa, na wazee wetu wengi wangali na kovu hilo mkononi. Mwaka 1967 Shirika la Afya la Ulimwengu lilianza vita kubwa ya kuing'oa ndui katika nchi zote. Mtu wa mwisho aliyeipata kwa njia ya kawaida aliugua mwaka 1977 katika mji wa Merka, nchi ya Somalia, ambayo ni jirani yetu, naye akapona. Mwaka 1980 ikatangazwa mbele ya mataifa ya kuwa ndui imekwisha duniani. Ugonjwa ulioua watu wasiohesabika haumpati tena mtoto ye yote.

Basi twajifunza nini? Wako wapendao kuuliza ni nani mkubwa zaidi, Jesty au Jenner. Twaona swali hilo halina faida. Kila mtu apewe haki yake. Jesty alitangulia, akaiokoa nyumba yake kwa moyo thabiti. Jenner alilichungua jambo, akalithibitisha, akaliandika, akalifundisha; naye kwa kulifundisha aliokoa ulimwengu. Aliyetenda pasipo kufundisha, kazi yake ilikomea mlangoni pake. Walimu wa Injili na wazee wa sharika, tulikumbuke hili: jema lililoonekana mahali pamoja liandikwe, lipelekwe kwa wenzetu, lisizikwe pamoja na aliyeliona.

Lakini tusimlaumu Jesty upesi kwa ukimya wake. Nani aliyeufunga mlango? Je, si wale waliomzomea sokoni? Mtu akisema neno la kweli mara ya kwanza na kutupiwa vitu, ni vigumu kusema mara ya pili. Kati ya mwaka 1774 na mwaka 1798 watoto wangapi walizikwa katika Dorset, na katika Uingereza yote, na dawa yao ilikuwa katika viwele vya ng'ombe wao wenyewe? Jirani wa Jesty hawakuwa watu wabaya kuliko sisi. Waliogopa, wakamcheka, na dhihaka yao iliwagharimu watoto wao wenyewe. Na haikuwa katika Uingereza tu. Mwaka 1791, katika nchi ya Holstein, mwalimu Peter Plett aliwachanja watoto wa nyumba aliyofundisha kwa ndui ya ng'ombe, wakapona. Akapeleka habari katika chuo kikuu cha Kiel, wala haikujaliwa. Mwalimu wa watoto aliwaandikia wenye elimu, nao hawakumsikiliza.

Hilo ndilo twalotaka kila msomaji alichukue nyumbani. Katika kila usharika yuko mtu mnyenyekevu aliyeona jambo kwa macho yake: labda mama mzee, labda mchungaji wa mbuzi, labda kijana aliyetoka shule juzi. Anaposema, tusimpime kwa nguo zake wala kwa elimu yake, wala tusimzomee kwa sababu neno lake ni geni. Tumwulize ameona nini, tena tulichungue kwa uangalifu, kama Andrew Bell alivyofanya. Si kila neno geni ni kweli; ndiyo sababu lazima lichunguzwe. Lakini dhihaka haichungui neno, huliziba tu.

Tena tusikosee katika kumfuata Jesty. Hatuwaambii watu wachukue sindano ya kufumia na kuchanja watoto wao. Alifanya hivyo kwa kuwa siku zile hapakuwa na njia nyingine iliyo bora, na alikaribia kumpoteza mke wake. Siku hizi wako wauguzi waliofundishwa, na dawa zilizojaribiwa kwa uangalifu. Tunaloweza kumfuata ni lile la moyo wake: aliwapenda waliokuwa chini ya ulinzi wake, akaangalia kwa makini mambo ya kila siku, na alipoona njia ya kuwaokoa hakurudi nyuma kwa hofu ya maneno ya watu. Mzazi akisikia uvumi juu ya chanjo ya watoto, asitishwe na maneno ya sokoni. Na aende kwa wanaojua, aulize, ajibiwe.

Hata leo watu wachimba mawe katika Purbeck. Msafiri akipita Worth Matravers aweza kuingia katika uwanja wa kanisa na kuyaona makaburi hayo mawili, la mume na la mke, pamoja. Mbele yake ataona malisho, kuta za mawe, na bahari kwa mbali. Mwenye kukama ng'ombe alfajiri, na asidhani kwamba kazi yake ni ndogo mno hata Mungu asiweze kumwonyesha kitu ndani yake. Na sisi tulio jirani zake, tuwe tayari kumsikiliza atakaporudi kutoka zizini.